Gari la Kijani Lililoshindwa na Mpando wa Feri

Wanangu mnaojifunza ufundi wa magari, kabla hamjashika spana, inameni kwanza mnuse. Chomoeni kile kijiti cha kupimia oili ya giaboksi, dondosheni tone moja kwenye karatasi nyeupe, kisha linuseni kama mnavyonusa maziwa mnayoyashuku kwamba yamelala. Oili nzima ya giaboksi ya otomatiki ni nyekundu, nyepesi, na harufu yake ina utamu kidogo. Ikiwa imekuwa ya hudhurungi na inanuka mkate ulioungua, ndani mna kitu kinachoteleza na kuchomeka. Ikiwa imegeuka rangi ya chai ya maziwa, maji ya rejeta yamepata njia ya kuingia. Ikiwa ina povu, mtu ameizidisha. Haya yote utayajua ukiwa umesimama, nguo zako safi, kabla hujalala chini ya gari hata mara moja.

Nayasema haya kwa sababu kijana mmoja wa gereji hapa Bombolulu, jirani yangu na mwenye adabu zake, alishusha giaboksi nzima na kuifungua siku mbili, mwisho akagundua kwamba ilikuwa imepungukiwa na oili tu.

Nikamwuliza, "Uliipima?"

"Niliipima, Bibi. Ilikuwa imejaa."

"Injini ilikuwa inanguruma?"

Akainama kuokota spana yake.

Injini ikizimwa, oili yote hushuka na kutulia chini, nawe ukichomoa kijiti utadhani imejaa pomoni. Washa gari kwenye ardhi tambarare, lipate moto sawasawa, peleka mkono wa gia kwenye kila herufi kisha uurudishe, na hapo ndipo upime, injini ikiwa inaendelea kuzunguka. Kosa la kijana yule nililifanya mimi mwezi wa Mei 1960, kwa hiyo sikumcheka sana. Nilimcheka kidogo.

Nimetaja herufi, nami lazima niwaambie kwamba herufi yangu ya kwanza ya Kizungu haikuwa A. Ilikuwa P. Nilipokuwa msichana kule Mtongwe, upande wa Likoni, nilipelekwa chuoni nikahitimu Kurani, lakini shule ya serikali sikuiona. Kisomo cha watu wazima kilifunguliwa karibu na kwetu Changamwe mwezi wa Februari 1959, nami nilikuwa na miaka ishirini na sita na watoto wawili, mkubwa wao Fatuma. Siku ya kwanza mwalimu wetu, kijana mpole wa Frere Town, aliuliza kama yupo anayejua herufi yoyote. Nikasimama, nikasema, "P, N, D, L, R."

Darasa zima likaangua kicheko. Mwalimu akaniuliza, "Umejifunzia wapi mpangilio huo, Bibi?"

"Kwenye usukani wa gari, Mwalimu. P ni ya kuegesha, N ni frii, D ni ya kwenda, L ni ya kupanda milima, R ni ya kurudi nyuma."

Mwalimu hakucheka. Aliziandika ubaoni kama nilivyozitaja, akasema, "Basi leo tutaanzia hapa." Namwombea kila heri popote alipo. Angenisimamisha kwa A, huenda ningekaa chini nisisimame tena.

Usukani ule niliuonea kazini. Marehemu mume wangu, Athmani, alikuwa fundi katika gereji moja ya Changamwe, kando ya barabara iendayo uwanja wa ndege wa Port Reitz. Alifariki Jumatatu, tarehe 3 Juni 1957, kwa homa ya siku nne. Eda yangu ilipokwisha nilirudia kazi niliyoijua, kudarizi kofia, hadi Januari 1958 mwenye gereji alipokuja kwetu akasimama mlangoni bila kuingia. Alikuwa Kalasinga mwenye ndevu nyeupe, nasi sote tulimwita Mistri. Akasema, "Mama, kazi ya kuosha vyuma iko. Athmani alikuwa mtu yangu. Wewe nataka?"

Nilitaka. Miaka miwili na zaidi nikakaa mbele ya pipa lililokatwa katikati, nikisugua vyuma kwa brashi na mafuta ya taa. Msiidharau kazi hiyo. Anayeosha chuma hukijua kuliko anayekifunga, kwa sababu anakishika uchi. Nilianza kuuliza maswali. Kwa nini bamba hili limeliwa upande mmoja? Kwa nini pete hii ina ufa na ile haina? Fundi Omari, aliyekuwa rafiki wa marehemu na kwa hiyo akiniita shemeji, alichoka nami upesi.

"Shemeji, wewe osha tu. Vyuma si wari wa unyago, huna haja ya kuvijua kwa majina."

Omari alikuwa fundi hodari wa magari ya klachi, lakini haya ya otomatiki aliyaona kama viumbe vyenye ukaidi. Siku moja aliletewa gari la Kimarekani lililopungukiwa na oili ya giaboksi, naye akalimiminia oili nzito ya giaboksi za kawaida, ile inayotiririka kama asali. Gari likanguruma bila kusogea. Omari akakanyaga, akabembeleza, akatukana.

"Hili lina kiburi!" akapiga kelele dirishani. "Nimelilisha, na bado limekaa!"

Mistri akatoka ofisini, akachovya kidole, akakitazama. "Gari hapana kiburi. Kiburi iko ndani, nashika usukani."

Ilitubidi tuimwage yote na kuosha giaboksi mara tatu. Hapo ndipo nilipofahamu kwamba katika giaboksi za otomatiki oili si kilainisho tu. Oili ndiyo mfanyakazi. Pampu huisukuma kwa nguvu, nayo hupita katika vijia vyembamba, ikafungua valvu hii na kufunga ile, ikabana klachi na mikanda ya ndani kama mkono unavyobana kamba. Oili nzito haipiti. Oili haba haina nguvu. Na oili njema isiyo na nguvu ya kutosha, kwa sababu yoyote ile, itaiacha klachi iteleze.

Vijia hivyo vimo ndani ya bamba moja la chuma, kubwa kama chano kidogo, na siku nilipoliona kwa mara ya kwanza likiwa limefunguliwa, moyo wangu uliruka. Lilikuwa na mizunguko, vitundu na kona, sawasawa na mchoro wa kofia kabla haujajazwa uzi. Ilikuwa Aprili 1960. Omari alikuwa amelifungua juu ya sakafu, na vigololi sita vidogo na springi zake vikatawanyika chini ya kabati. Alivikusanya vyote lakini hakujua kipi kinakaa wapi. Nilikuwa nimesimama karibu nikitazama, kama kawaida yangu, na macho yaliyozoea kuhesabu vitundu vya kofia hayasahau. Nikamwonyesha. Mistri akaleta kitabu chenye michoro, akalinganisha moja moja, akanitazama, akalitazama bamba.

"Mama," akasema, "osha mikono. Kuja mezani."

Ndivyo nilivyopata meza yangu. Nikaitandika karatasi, nikajiwekea desturi yangu kutoka kwenye kofia: kila kitu hulazwa kwa mpangilio kilivyotoka, kutoka kulia kwenda kushoto kama msomavyo msahafu, na hakuna kinachorudi mpaka kilichotangulia kimetazamwa. Pia nilileta kitu kingine kutoka nyumbani. Athmani aliacha kanzu mbili nyeupe za bafta, laini mno kwa kufuliwa. Moja niliiweka. Nyingine niliikata vipande, nikawa navitumia kufutia vyuma vyangu. Mafundi wengine walitumia matambara ya rangi yaliyonunuliwa kwa gunia. Mimi niliona vyuma vyangu vinang'aa kuliko vyao, na sitawaficha kwamba nilijivuna.

Sasa nije kwenye gari la kijani.

Lilikuwa gari kubwa la Kimarekani, mali ya bibi mmoja wa Kizungu mwenye hoteli upande wa kusini wa Likoni. Kazi yake ilikuwa kuchukua wageni uwanja wa ndege wa Port Reitz, kuwapitisha kisiwani na kuwavusha kwa feri. Giaboksi yake ilichakaa klachi, tukaikarabati, na Alhamisi tarehe 27 Julai 1961 nililifunga bamba la valvu kwa mikono yangu mwenyewe. Tukalijaribu kwenye barabara ya uwanja wa ndege. Lilikwenda kama hariri. Dereva wake, Mutua, mtu wa Machakos aliyewahi kuendesha malori, akaniambia, "Mama Fatuma, umeliponya."

Jumanne tarehe 8 Agosti liliponea chupuchupu kuingia baharini.

Lilikuwa limetoka kwenye feri upande wa Likoni, wageni wawili wakiwa ndani, likaanza kuupanda ule mpando wa saruji utokao majini. Katikati injini ikanguruma kwa nguvu, magurudumu yakakataa, gari likarudi nyuma. Mutua alikanyaga breki likiwa limeshalowesha magurudumu ya nyuma. Wapakizi wa feri wakalisukuma, wageni wakashuka na mabegi yao wakipiga makelele, na jioni Bibi wa hoteli alikuwa kwenye simu na Mistri.

Mistri akaniita mbele ya mafundi wote. "Mama, mimi nilikupa meza, watu ilicheka. Kama kosa ya mkono yako, wewe narudi kwenye pipa. Na mwanamke mwingine hapana kuja hapa kwa meza."

Tulilijaribu gari lile Jumatano tangu asubuhi. Barabara tambarare, likaenda. Mlima wa kutoka Makupa kuja Changamwe, likapanda bila kusitasita. Omari akasema labda lina jini la baharini. Nikafikiri: kama linashindwa pale tu, basi nenda pale. Fundi asiyeuona ugonjwa kwa macho yake hutibu maneno ya watu. Nikamwomba Mistri ruhusa, na Alhamisi tarehe 10 nikaketi mbele, kando ya Mutua.

"Ukiogopa maji, Mama, sema mapema," akaniambia tulipofika kwenye foleni ya feri.

"Mimi ni mzaliwa wa Mtongwe. Maji haya ni ya kwetu. Wewe wa bara ndiwe ujihadhari."

Akacheka. Foleni ilikuwa ndefu, nasi tukangoja zaidi ya saa moja, tukisogea kidogo kidogo, injini ikiwaka. Niliweka mkono sakafuni juu ya giaboksi nikausikia moto. Tukavuka. Feri ilipofungua mlango, lori lililokuwa mbele yetu likazimika katikati ya mpando, nasi tukabaki nyuma yake, pua juu. Nikautazama mguu wa Mutua. Haukuwa kwenye breki. Alilishikilia gari kwa mafuta, akikanyaga kiasi tu, nalo likasimama palepale, haliendi wala halirudi.

"Wafanya nini hivyo?"

"Huu ndio uzuri wa gari hili, Mama. Lenye klachi huwezi kulishika hivi."

"Ulifanya hivi Jumanne?"

"Nafanya kila siku."

Lori likaondoka, Mutua akakanyaga, injini ikanguruma kwa hasira na gari halikusogea. Likarudi nyuma kiasi cha hatua moja, Mutua akarukia breki. Tulisukumwa tena, mbele ya macho ya akina mama wauza machungwa, ambao mmoja wao alikuwa binamu yangu.

Wanangu, niliona aibu, lakini chini ya aibu nilikuwa na furaha. Nilikuwa nimepata kosa, na halikuwa langu. Kulishikilia gari la otomatiki mlimani kwa mafuta ni kuipika giaboksi, hilo lilikuwa kweli wakati ule na ni kweli hadi leo. Oili inachapwa ndani bila gari kwenda popote, na kazi yote hiyo inageuka moto. Nilirudi nikamweleza Mistri nilichokiona, neno kwa neno. Akapiga simu hotelini nikiwa nimesimama pale. Bibi wa hoteli alisema Mutua arudishe ufunguo Jumamosi na atafute kazi kwingine.

Nililala salama. Kesho yake, Ijumaa tarehe 11, nikaanza kumwaga oili ya gari lile ili tutazame klachi zilivyoungua, na nikaikinga kwenye beseni jeupe.

Ilikuwa nyekundu.

Niliinusa. Harufu tamu. Nikachovya kidole, nikaisugua, nikatafuta unga mweusi wa klachi. Haukuwamo. Nikainusa tena mara ya pili na mara ya tatu. Nilitaka inuke. Wallahi, nilitaka sana inuke. Kama mchezo wa Mutua ndio ulioharibu, ilibidi oili ile iwe imeungua, nayo ilikuwa nzima kama siku nilipoimimina. Joto lilikuwa halijakaa muda wa kutosha kuunguza kitu. Lilikuwa linafichua tu kitu kingine: oili ikipata moto huzidi kuwa nyepesi, na penye upenyo, oili nyepesi hutoroka na nguvu yake.

Wakati huo Omari na wengine walikuwa wamekwenda msikitini kwa sala ya Ijumaa, na Mistri alikuwa ofisini akila. Gereji ilikuwa kimya. Nikafungua kifuniko cha chini, nikalishusha bamba, nikaliweka mezani, nikaanza kuzijaribu valvu moja baada ya nyingine. Jaribio lake ni hili: simamisha bamba wima, na kila valvu ishuke yenyewe kwa uzito wake. Usiisukume. Valvu inayongoja kusukumwa ina kitu inachokuficha. Ya kwanza ikashuka. Ya pili ikashuka. Ya tano, ile inayotawala nguvu ya oili yote, ikashuka nusu ikasimama.

Niliitoa kwa kijiti cha mwanzi. Ubavuni mwake palikuwa na uzi mmoja mweupe, urefu wake kama ukucha wa kidole kidogo.

Mlango wa ofisi ulikuwa umefungwa. Nikauweka uzi ule juu ya karatasi, nikauangalia. Matambara ya gunia yalikuwa mekundu, ya buluu, ya maua. Kitu cheupe laini namna ile kilikuwa kimoja tu katika gereji nzima. Nikakumbuka tarehe 27 Julai: valvu zote nilikuwa nimezijaribu, zote zilishuka sawa, kisha kabla ya kufunga nikazifuta mara ya mwisho, kwa ajili ya kung'aa tu. Hakuna aliyenituma.

Omari akarudi akinukia udi. "Shemeji, umeganda kama aliyeona chatu. Kuna nini?"

"Uzi."

Akainama. Akautazama, akanitazama. Alikuwa akiijua kanzu ile. Alikuwa ameswali nyuma ya mwenyewe, Athmani, miaka mingi. Akashusha sauti. "Upulize uende zako. Funga bamba. Gari litapona, na sababu imeshasemwa."

"Na Mutua?"

"Mutua ana leseni mfukoni, atapata gari jingine. Wewe meza nyingine utaipata wapi? Hebu nambie, katika Mombasa hii nzima, wapi?"

Jibu la swali hilo, mpaka leo sijui kama lilikuwepo. Nilichojua ni kwamba mimi ndiye niliyeuona mguu wa dereva nikaukimbilia, bila kwanza kunusa oili. Nikauchukua ule uzi juu ya karatasi yake, nikaenda nikagonga mlango.

Mistri alivaa miwani. Akauangalia muda mrefu, chapati ikipoa sahanini.

"Nani mwingine naona?"

"Omari."

"Omari nasema nini?"

"Niupulize."

Akatikisa kichwa, sikujua kwa maana gani. "Mimi napiga simu jana. Leo napiga tena, nasema nini? Nasema fundi yangu naacha nguo ndani ya giaboksi?"

"Ndiyo, Mistri. Useme hivyo."

Akapiga. Alisema kwa Kiingereza, nami nilikuwa nimesoma miaka miwili na nusu, kwa hiyo nilielewa kila neno nililostahili kuambiwa. Bibi wa hoteli akajibu, kwa sauti iliyonifikia hata mimi, kwamba amechoka na hadithi za mafundi. Kesho saa nne atasimama mwenyewe juu ya mpando wa Likoni. Gari likipanda mbele yake, dereva atabaki na ufunguo. Lisipopanda, Mutua aende, na magari ya hoteli yatatafuta gereji nyingine.

Mistri akaweka simu chini. "Umesikia. Ikipanda, Mutua nabaki, na wewe nabaki mezani. Ikishindwa, pipa. Sasa funga. Peke yako."

Niliosha kila kipande kwa mafuta ya taa mapya. Sikufuta kitu. Nilivipuliza kwa pampu ya upepo, nikaviacha vijikaukie juu ya karatasi, na mikono yangu nikailowesha kwa oili ileile ya giaboksi, kwa kuwa mkono mkavu nao hubeba vumbi. Valvu zote zikashuka zenyewe. Nikazirudia. Nikafunga boliti kutoka katikati kwenda pembeni, kidogo kidogo kwa mzunguko, ili bamba lisipinde. Fanyeni hivyo nanyi. Bamba lililopindwa na boliti lina upenyo mbaya kuliko uzi.

Jumamosi asubuhi Mutua alikuja kulichukua gari. Hakunisalimu. Nikamwambia, "Mutua, nilisema nilichokiona, nikaacha nisichokijua. Kosa lilikuwa langu, uzi wa tambara langu la kufutia."

"Mama," akasema bila kunitazama, "mimi nina watoto wanne. Wao hawali ulichokiona."

Hatukusema neno jingine hadi feri.

Gereji yetu ilikuwa na desturi yake katika majaribio ya mlimani. Aliyeifunga giaboksi husimama nyuma ya gari, akishika kabari ya mti ya kuzuia gurudumu, na dereva huachia breki. Mistri alisema fundi asiyekubali kusimama pale hana haki ya kumkalisha mtu ndani. Nilikuwa nimewaona wanaume wakisimama kwenye mlima wa Makupa. Huu wa Likoni ulikuwa na bahari mwishoni.

Tulishuka kwenye feri, giaboksi ikiwa imeshapata moto wote wa foleni. Bibi wa hoteli alikuwa juu kabisa, kofia ya ukindu kichwani, Mistri kando yake. Nikamwambia Mutua dirishani, "Simama mwanzoni mwa mpando. Kwa breki, si kwa mafuta. Nikikupungia mkono, achia, uende."

"Na wewe?"

"Nitakuwa nyuma."

Akageuka akanitazama kwa mara ya kwanza siku ile. Nikalifunga buibui langu kiunoni, nikaichukua kabari, nikasimama mahali ambapo saruji ilikuwa na utelezi wa mwani. Maji yalikuwa yakinigusa visigino.

Wauza machungwa wakaanza. "Nyie! Mwanamke yule amepatwa na nini?"

"Si Mwanaisha wa Mtongwe huyo?" akasema binamu yangu, akinitaja kwa jina langu.

"Mwanaisha, toka hapo! Likirudi hilo litakufanya bamia!"

Mpakizi mmoja wa feri akapaza sauti, "Mama, panda au shuka, njia si yako peke yako!"

Nikainua mkono.

Taa nyekundu za breki zikazimika. Gari likashuka kidogo, upana wa vidole viwili, nami nikainama na kabari. Kisha nikasikia klachi ikishika. Wanangu, sauti hiyo siwezi kuwaandikia. Ni kama mtu mzito anayeketi vizuri. Injini haikunguruma kwa hasira. Ilishusha sauti, ikavuta, na lile gari la kijani likapanda mpaka juu bila kusita, likasimama kando ya kofia ya ukindu.

Nilibaki palepale na kabari yangu. Akina mama wakapiga vigelegele, nadhani kwa mzaha. Nikaupanda ule mpando polepole. Bibi wa hoteli alikuwa akizungumza na Mistri, na Mistri, bila kunitazama, akanyoosha mkono akaipokea kabari, akasema, "Jumatatu saa mbili. Meza iko."

Mutua alikuwa ameshashuka garini. Aliuzunguka ubavu wa gari, akaufungua mlango wa nyuma, ule wa wageni, akasimama wima kando yake kama alivyofundishwa hotelini.

"Ingia, Mama Fatuma," akasema. "Ila tafadhali, usifute kitu."